Maji katika shimo la Pele: namna ya kuzisoma hadithi za kale za Hawaii

Mwishoni mwa Julai 2019, rubani wa helikopta aliyekuwa akipita juu ya Kīlauea, volkano iliyo kusini-mashariki mwa kisiwa kikubwa cha Hawaii, aliona kitu cha kijani chini kabisa ya shimo la Halemaʻumaʻu. Siku chache baadaye wanasayansi wakathibitisha kuwa ni maji. Mwaka uliotangulia, sakafu ya shimo hilo ilikuwa imeporomoka mamia ya mita, huku lava ikichomoza mbali na hapo, katika wilaya ya Puna, na kumeza nyumba zaidi ya 700. Shimo lilizama hadi chini ya kimo cha maji ya ardhini, na maji yakaanza kujipenyeza ndani. Kwa takriban miaka 200 tangu wageni waanze kuandika habari za Kīlauea, hakuna aliyekuwa ameandika kwamba ameona ziwa mahali pale.

Lakini wenyeji walikuwa na hadithi. Katika kisa kikubwa kuliko vyote vya volkano hiyo, mungu wa kike aitwaye Hiʻiaka anachimba ardhi kwa hasira, tabaka moja baada ya jingine, hadi anaombwa aache. Akizidi kushuka, anaambiwa, atayafikia maji, na maji yatapanda na kuuzima moto wa dada yake, Pele.

Kila mtu anayekutana na visa vya namna hii huuliza swali lile lile: hii ni hadithi au ni historia? Ni swali la haki kabisa. Ila lina fundo ndani yake, na lisipofunguliwa kwanza, jibu lolote litakalotolewa litakuwa pungufu.

Neno moʻolelo

Wahawaii husema moʻolelo. Neno hili limeundwa na mawili: moʻo, yaani mfululizo wa vitu vinavyofuatana kama pingili za uti wa mgongo, na ʻōlelo, yaani maneno au kunena. Moʻolelo basi ni maneno yanayofuatana, kauli iliyopokezanwa kinywa kwa kinywa. Neno hilo hilo hutumika kwa historia ya mfalme, maisha ya mtu wa kawaida, kisa cha mungu, na hata kumbukumbu za mkutano.

Wengi huishia hapo na kusema kwamba Wahawaii wa kale hawakutofautisha kilichotokea na kilichobuniwa. Si kweli. Wanalo neno la pili, kaʻao, linalotaja simulizi ya kuburudisha, ile ambayo fundi wake ana ruhusa ya kutia chumvi. Mpaka wanao, ila umepita mahali ambapo sisi hatuutazamii. Haukuwekwa kati ya miungu na watu, wala kati ya maajabu na mambo ya kila siku. Moʻolelo inaweza kuwa na mungu katikati yake na bado ikachukuliwa kuwa habari ya kweli, kwa sababu kinachoulizwa ni: umeipokea kwa nani? Nasaba gani inaishuhudia? Wimbo upi unaitaja? Mahali gani panaitwa kwa jina lake?

Msemaji wa Kiswahili ana njia ya mkato ya kulielewa jambo hili. Neno letu hadithi hubeba mizigo miwili. Bibi akisema “Paukwa!” nasi tukaitika “Pakawa!”, tunajua sungura anakaribia kuzungumza na hakuna atakayemdai ushahidi. Neno hilo hilo likitajwa msikitini lina maana ya maneno na matendo ya Mtume, na huko kila msimulizi katika mnyororo wa upokezi hujulikana kwa jina na kupimwa uaminifu wake. Hakuna anayechanganya hizo mbili, japo neno ni moja, kwa kuwa kila moja ina kipimo chake. Wageni walioanza kuitafsiri moʻolelo katika karne ya 19 hawakukiona kipimo hicho. Lugha zao ziliwataka wachague: ama historia, ama ngano. Wakaikata katikati, na kisu hicho bado kinatukata sisi wasomaji wa leo.

Vipimo vyenyewe havikuwa vyepesi. Nyimbo za kughani, ziitwazo oli na mele, zilihifadhiwa kichwani neno kwa neno na watu waliochaguliwa tangu utotoni, na kukosea katika kughani mbele ya mkuu lilikuwa jambo la kuogopwa. Hata hivyo hawakudai simulizi moja tu kwa nchi nzima. Wana methali isemayo: ʻAʻohe pau ka ʻike i ka hālau hoʻokahi, elimu yote haiishi katika chuo kimoja. Ukoo wa Kauaʻi ukisema hivi na wa Maui ukasema vile, msomi wa kale aliziweka zote mbili kando kwa kando akataja kila moja imetoka wapi.

Dada wawili na msitu ulioungua

Tuichukue simulizi ya Pele na Hiʻiaka, maana ndiyo inayoonyesha vizuri kuliko zote jinsi mambo haya yanavyofanya kazi.

Pele ni mungu wa kike wa moto wa ardhini. Alikuja kutoka Kahiki, nchi ya ng'ambo, pamoja na ndugu zake katika mtumbwi, akiwa amembeba mdogo wake kwapani katika umbo la yai. Ndiyo sababu jina kamili la mdogo huyo ni Hiʻiakaikapoliopele, Hiʻiaka aliye kifuani mwa Pele. Nyuma yao anakuja dada mkubwa, Nāmakaokahaʻi, mwenye bahari, akiwa na ugomvi na Pele. Pele anashika fimbo yake Pāoa na kuchimba makao Kauaʻi, na maji yanaingia. Anachimba Oʻahu, Molokaʻi, kisha Haleakalā kule Maui, na kila mahali anafukuzwa. Mwishowe anafika Kīlauea, na huko moto unashika.

Sasa itazame ramani. Visiwa vya Hawaii vimejipanga kutoka kaskazini-magharibi hadi kusini-mashariki, na wanajiolojia wamepima umri wa miamba yake. Kauaʻi ina takriban miaka milioni 5. Kisiwa kikubwa cha Hawaii hakijatimiza hata milioni 1. Bamba la bahari husogea polepole juu ya chemchemi ya joto kubwa, na kila kisiwa kikishapita juu yake, moto wake hufifia. Safari ya Pele inafuata mpangilio huo huo wa umri, kuanzia visiwa vikongwe hadi kichanga.

Sioni haja ya muujiza hapa, wala sipendi tunapoukimbilia. Watu walioishi visiwa hivyo kwa karne nyingi waliona kwamba Kauaʻi ina mabonde yaliyochimbwa na mvua na udongo mwekundu mzito, na kwamba lava nyeusi isiyoota hata jani iko kusini-mashariki. Wakatafakari wakafikia hitimisho, na hitimisho hilo wakaliweka mahali ambapo mtoto hataweza kulisahau, yaani katika ugomvi wa dada wawili.

Lakini hiyo ni utangulizi tu. Kisa chenyewe kinaanza Pele anapolala, roho yake ikasikia ngoma kwa mbali na kuifuata hadi Hāʻena, Kauaʻi. Huko anampenda mkuu kijana, Lohiʻau. Akiamka, anataka aletewe. Dada zake wengine wanaogopa. Anayekubali ni Hiʻiaka, mdogo kuliko wote. Wanawekeana ahadi. Hiʻiaka atamleta Lohiʻau ndani ya siku 40 bila kumgusa. Pele, kwa upande wake, atalinda misitu ya Puna ambayo Hiʻiaka anaipenda, yenye maua mekundu ya lehua, na atamlinda Hōpoe, rafiki wa Hiʻiaka aliyemfundisha hula, ngoma ya Kihawaii.

Safari ni ndefu. Katika matoleo marefu Hiʻiaka hapiti bonde bila kulitaja, wala hakutani na upepo au mvua bila kuviita kwa majina, maana kila mahali pana upepo na mvua yenye jina lake. Anapigana na moʻo, mijusi mikubwa yenye nguvu za uungu inayomiliki maji na njia. Kisiwa kidogo cha Mokoliʻi, karibu na pwani ya Oʻahu, kinasemekana kuwa mkia wa mmoja aliyemuua. Anafika Hāʻena na kumkuta Lohiʻau amekufa kwa huzuni. Anamfufua kwa dua na nyimbo. Siku zinapita.

Pele, mwenye wivu na asiye na subira, anavunja ahadi. Hiʻiaka akiwa bado njiani Oʻahu anatazama ng'ambo ya bahari na kuona misitu yake inateketea. Hōpoe amegeuzwa jiwe. Pamoja na hayo anaitimiza ahadi yake, hamgusi yule mwanamume, hadi wanapofika ukingoni mwa shimo la Kīlauea. Hapo, mbele ya macho ya Pele, ndipo anapomkumbatia. Pele anammwagia Lohiʻau moto na kumuua. Naye Hiʻiaka, aliyepoteza rafiki, msitu na mpenzi, anaanza kuchimba.

Mwaka 2008 mwanajiolojia Donald Swanson, aliyefanya kazi kwa miaka mingi katika kituo cha uchunguzi wa volkano hiyo, alichapisha utafiti uliolinganisha simulizi hii na miamba. Katika karne ya 15 Kīlauea ilimwaga lava kwa takriban miaka 60 mfululizo. Lava hiyo, iitwayo ʻAilāʻau kwa jina la mungu wa moto aliyekuwapo kabla ya Pele, jina lenye maana ya mla misitu, ilifunika takriban kilomita za mraba 430 za Puna. Msomaji wa Goma hahitaji kuelezwa lava inavyoingia mahali watu wanapoishi. Hebu awaze hali hiyo ikiendelea kwa vizazi viwili. Muda mfupi baadaye, karibu na mwaka 1500, kilele cha mlima kikaporomoka na kuacha shimo kuu la Kīlauea, na hapo zikaanza karne tatu ambazo volkano ilikuwa ikilipuka na kurusha mawe na majivu.

Kwanza msitu unaungua, kisha ardhi inachimbwa huku mawe yakiruka. Simulizi na miamba vinakubaliana si katika matukio tu, bali hata katika kufuatana kwake. Na kwa zaidi ya karne moja wanajiolojia walikuwa wameshikilia kwamba shimo lile lilitokea mwaka 1790, wakati wa mlipuko mkubwa unaokumbukwa. Masimulizi yaliyoonyesha kwamba ni la zamani zaidi yalikuwa yamechapishwa tayari. Hayakusomwa kama ushahidi, kwa sababu yalikuwa yameshawekwa kwenye kabati la ngano.

Hapa ningependa tusimame kidogo, maana kuna mtego wa pili. Ni rahisi sasa kusema: kumbe hadithi ni kweli, sayansi imethibitisha! Kwa kusema hivyo tunaifanya sayansi kuwa hakimu, na hadithi kuwa mshtakiwa aliyeachiliwa huru. Aliyeisimulia habari ya Hiʻiaka hakukaa chini ili ahifadhi takwimu za lava. Alikuwa anasimulia gharama ya kuvunja ahadi, upendo wa mwanamke kwa rafiki yake, haki ya mdogo mbele ya mkubwa, na alifanya hivyo katika nchi ambayo ardhi yenyewe huwaka. Volkano imo ndani ya kisa kwa sababu imo ndani ya maisha. Ukiondoa ahadi ukabakiza lava, umeua simulizi.

Maji yale ya 2019 yaliendelea kuongezeka hadi kina cha takriban mita 50. Usiku wa tarehe 20 Desemba 2020 lava ilirudi Halemaʻumaʻu na kuyachemsha yote hadi yakatoweka. Safari hii ni moto ulioyashinda maji.

Nasaba inayoanzia kwenye matumbawe

Si kila moʻolelo ina umbo la kisa. Nyingine ni nasaba. Maarufu kuliko zote ni Kumulipo, wimbo wa kughani wenye mistari 2,102 na vipindi 16, uliotungwa karibu na mwaka 1700 kwa ajili ya mtoto wa mkuu, Kalaninuiʻīamamao. Unaanzia gizani, katika joto na tope, na kiumbe wa kwanza kuzaliwa ni tumbawe. Vinafuata viumbe vya baharini na mimea, kisha samaki, ndege na wanyama, kila kizazi kikizaliwa baada ya kingine. Vipindi saba vya kwanza ni vya usiku. Cha nane ndicho kinacholeta mchana, na pamoja nao miungu na wanadamu. Kutoka hapo majina yanafuatana, mume na mke, mume na mke, mpaka kwa mtoto yule.

Mtu akiuliza kama hii ni hadithi ya uumbaji au ni historia, ameuliza nusu. Kumulipo ni hati. Inasema: mtoto huyu ni ndugu wa tumbawe na wa samaki, na ndiyo maana ana haki ya kutawala nchi hii na wajibu wa kuitunza. Mfalme Kalākaua alichaguliwa na bunge mwaka 1874 baada ya kumshinda Malkia Emma, mjane wa mfalme wa awali, na wapinzani wake walikuwa wakiitilia shaka nasaba yake; mwaka 1889 aliichapisha Kumulipo. Dada yake, Malkia Liliʻuokalani, alipinduliwa tarehe 17 Januari 1893 na kundi la wafanyabiashara na wenye mashamba waliosaidiwa na askari wa Marekani. Mwaka 1895 alifungwa katika chumba kimoja cha ikulu yake mwenyewe ya ʻIolani. Humo aliifanyia kazi tafsiri ya Kumulipo kwa Kiingereza, ikachapishwa 1897, wakati Wahawaii zaidi ya 21,000 walipotia saini kupinga nchi yao kumezwa na Marekani. Alikuwa akiwaonyesha wasomaji wa Marekani kwamba watu hawa wana kumbukumbu inayofika hadi mwanzo wa bahari. Nchi ilimezwa mwaka uliofuata.

Kuna tawi la nasaba hiyo ambalo mimi hulipenda kuliko mengine. Wākea, baba mbingu, na Hoʻohōkūkalani walipata mtoto aliyezaliwa mfu. Wakamzika kando ya nyumba, na kaburini ukaota mmea wenye majani yanayotetemeka: gimbi. Mtoto wa pili alizaliwa mzima, akaitwa Hāloa kwa jina la kaka yake, naye ndiye babu wa watu. Gimbi basi ni kaka mkubwa wa mwanadamu. Kaka humlisha mdogo wake, na mdogo humtunza kaka, humwekea maji safi na udongo mzuri. Hata neno la Kihawaii kwa jamaa, ʻohana, latokana na ʻohā, yaani chipukizi linaloota ubavuni mwa gimbi mama. Yeyote aliyewahi kupanda magimbi, iwe Kilimanjaro au Pemba, analiona jambo hili bila kuchorewa.

Kahiki, na bahari yetu

Kahiki, ile nchi aliyotoka Pele, ndiyo Tahiti katika matamshi ya Kihawaii, lakini pia ni ng'ambo yoyote iliyo mbali, kama sisi tunavyosema ng'ambo bila kutaja bandari. Masimulizi yamejaa wakuu waliokwenda huko na kurudi, kama Moʻikeha. Katikati ya karne ya 20 baadhi ya wasomi walikataa: mitumbwi ya kale isingeweza, wakadai, watu walisukumwa tu na upepo wakafika kwa bahati. Mwaka 1976 chombo cha mitumbwi miwili iliyounganishwa, Hōkūleʻa, kiliondoka Maui na kufika Tahiti baada ya mwezi mmoja hivi, zaidi ya kilomita 4,000, bila dira wala chombo chochote cha kisasa. Nahodha wa njia, Mau Piailug wa kisiwa cha Satawal, aliongozwa na nyota na mawimbi. Baada ya safari hiyo, hoja ya kwamba haiwezekani ilibaki bila miguu.

Bahari hiyo ina uhusiano na yetu pia. Kihawaii na Kimalagasi ni lugha za ukoo mmoja, Kiaustronesia, uliosambaa kutoka Asia ya kusini-mashariki kwenda pande zote mbili. Mbingu kwa Kihawaii ni lani. Kwa Kimalagasi ni lanitra. Tano ni lima kule, dimy huku. Na ngalawa yetu yenye matengo mawili inaaminika na wasomi wengi kuwa imetokana na ufundi wa mabaharia wa ukoo huo.

Kalamu iliyopewa, kalamu iliyonyang'anywa

Fundo kubwa zaidi, kwa maoni yangu, halimo ndani ya hadithi zenyewe. Limo katika njia zilizopitia hadi kutufikia.

Wamisionari kutoka Marekani walifika 1820, mwaka mmoja baada ya Wahawaii wenyewe kuivunja dini ya kale ya miiko iliyoitwa kapu. Lugha ikaandikwa kwa herufi chache, na watu wakaishika kalamu kwa kasi ya kushangaza. Kufikia katikati ya karne Wahawaii walikuwa miongoni mwa mataifa yaliyojua kusoma zaidi duniani. Gazeti la kwanza, Ka Lama Hawaii, lilitoka mwaka 1834 katika shule ya Lahainaluna, Maui. Kuanzia hapo hadi 1948 yalichapishwa magazeti yapatayo 100 kwa Kihawaii, na kurasa zake zinakadiriwa kufika 125,000.

Humo ndimo masimulizi yalimohamia. Mwaka 1861 Ka Hoku o ka Pakipika, gazeti la kwanza kuendeshwa na Wahawaii wenyewe, lilianza kuchapisha kisa cha Hiʻiaka kwa mfululizo, toleo kwa toleo. Baadhi ya wamisionari walichukizwa. Wasomaji walisubiri. Samuel Kamakau naye aliandika historia ya wafalme na desturi kwa miaka mingi katika magazeti, na wasomaji waliandika barua kumsahihisha au kumwongezea: ukoo wangu tunasema hivi. Ile methali ya elimu isiyoishia chuo kimoja ilikuwa ikifanya kazi kwenye karatasi.

Kisha ikaja sheria ya 1896, miaka mitatu baada ya mapinduzi, iliyofanya Kiingereza kuwa lugha ya kufundishia katika shule zote. Watoto waliadhibiwa kwa kusema lugha ya mama. Vizazi viwili baadaye, wajukuu wa wasomaji wale walikuwa na maktaba nzima wasiyoweza kuisoma. Walichobakiwa nacho ni tafsiri za Kiingereza, na tafsiri hizo zilichagua. Maandishi ya Kamakau, kwa mfano, yalikatwa na kupangwa upya kabla ya kuwa vitabu. Sehemu ndogo tu ya kurasa zile 125,000 imewahi kutafsiriwa, nayo ndiyo iliyogeuka kuwa “mila za Hawaii” kwa dunia nzima.

Pengo hilo likajazwa na mambo mengine. Menehune ni mfano mzuri. Leo mgeni huambiwa kwamba ni vibwengo wafupi waliojenga mabwawa ya samaki ya Kauaʻi usiku mmoja. Lakini huko Tahiti manahune ni watu wa tabaka la chini, na katika hesabu ya watu iliyofanywa Kauaʻi mwanzoni mwa karne ya 19, watu 65 wa bonde la Wainiha waliandikwa kuwa menehune. Wanatajwa kama watu wa kuhesabiwa kichwa kwa kichwa, na huenda walikuwa wazao wa wenyeji wa mwanzo waliosukumwa pembeni. Vibwengo wa Ulaya waliingia baadaye na kuwapunguza kimo. Au ile habari kwamba Pele humlaani anayechukua jiwe la volkano, inayowafanya watalii kurudisha mawe kwa posta kila mwaka: ni uzushi wa karne ya 20. Heshima kwa mawe ni ya kale, laana ya mtalii si ya kale.

Jambo jingine ambalo tafsiri haikuweza kulibeba ni kaona, maana iliyofichwa. Mvua katika wimbo inaweza kuwa mvua, inaweza kuwa mpenzi, inaweza kuwa kifo cha mkuu, yote kwa pamoja. Anayejua fumbo la kanga, au aliyewahi kukaa kwenye taarabu akaona nani anainuka kwenda kutunza baada ya ubeti upi, haoni ajabu. Mwaka 1893 wanamuziki wa bendi ya kifalme walikataa kuapa utii kwa serikali ya waliopindua, wakaonywa kwamba watakula mawe. Mwanamke mmoja mshairi akawatungia wimbo: tunashiba mawe, chakula cha ajabu cha nchi yetu. Sikio la mgeni lilisikia wimbo mtamu kuhusu maua, kwa sababu neno pua lililomo katika wimbo huo, kwa Kihawaii, ni ua. Ni mtoto pia, na mzawa wa nchi.

Lugha haikufa. Katiba ya jimbo ya 1978 iliifanya rasmi. Mwaka 1984 shule ya kwanza ya chekechea ya Pūnana Leo, yaani kiota cha lugha, ilifunguliwa Kauaʻi, wakati watoto waliobaki wakiisema walikuwa wachache mno. Waliokulia katika shule hizo ndio baadhi ya wanaoyafungua magazeti sasa, na kuanzia 2011 maelfu ya watu walijitolea kunakili kurasa zake kwa mkono ili ziweze kutafutwa kwenye kompyuta.

Mjusi wa Lahaina

Nimetaja moʻo kuwa mfululizo, na nimetaja moʻo kuwa mjusi wa maji. Ni neno moja. Wenye elimu ya jambo hili husema kwamba mahali simulizi inapomtaja moʻo, hapo tazama maji matamu.

Katika mji wa Lahaina, Maui, moʻo alikuwa Kihawahine, binti wa mkuu Piʻilani aliyegeuzwa kuwa mlinzi baada ya kufa kwake. Makao yake yalikuwa ziwa la Mokuhinia, na katikati ya ziwa palikuwa na kisiwa kidogo, Mokuʻula, ambacho Mfalme Kamehameha III alikifanya makao yake katika karne ya 19. Lahaina ya wakati huo ilikuwa na mifereji na mashamba ya magimbi. Kisha mashamba ya miwa yakachepusha mito, ziwa likawa dimbwi la mbu, na mwaka 1914 likafukiwa. Juu yake pakawekwa uwanja wa michezo. Miwa nayo iliondoka mwaka 1999, ikaacha nyasi kavu za kigeni milimani. Tarehe 8 Agosti 2023 upepo mkali ulishusha moto hadi mjini. Watu takriban 100 walikufa.

Kwa miaka mingi, yeyote aliyesema kwamba chini ya uwanja ule pana ziwa la mjusi alionekana anasimulia ngano. Miaka ya 1990 wanaakiolojia walichimba hapo. Chini ya kifusi walikikuta kisiwa cha mfalme.